Koti Lililoketi Dirishani

Kwa heshima na taadhima, yatangazwa hapa maisha na kazi za Bi Muntaha Hamdan, bingwa wa nuru na kivuli, fahari ya Nazareti, mpiga picha wa filamu kumi na nne, mshindi wa medali tatu na sahani moja ya kioo. Wasomaji wote wasimame.

Wanaweza kukaa. Siku habari hii inapoanzia, bingwa wa nuru na kivuli alikuwa juu ya kigoda jikoni kwa baba yake, vibanio vya nguo mdomoni, akihangaika kuning'iniza shuka dirishani. Nyuma yake vitunguu vya kumwagia juu ya wali wa dengu vilikuwa vinaungua.

"Muntaha, mama," baba yake alisema kutoka kitini, "vitunguu."

"Usitikisike, baba."

"Mimi sijatikisika. Vitunguu ndivyo vinavyoruka."

Alishuka, akazima jiko, akachukua futi kamba. Ncha moja aliibana kwenye kamera, nyingine akampa baba yake, naye akaishika kwenye pembe ya jicho lake kama alivyozoea kufanya kwa miaka thelathini. Mita moja na sentimita tisini. Muntaha aliweka alama ya chaki kwenye lenzi, akainama, akachungulia.

Ndani ya fremu kulikuwa na kiti, dirisha, mwanga uliochujwa na shuka, na koti la kahawia lililojaa mabega. Kikombe cha kahawa kilisimama hewani, mbele ya kifungo cha pili. Baba yake hakuwemo. Kila kitu kilikuwa kama kawaida.

"Nimetoka?" mzee aliuliza.

"Koti limetoka vizuri."

"Koti ni zuri. La Haifa lile."

Mzee Hamdan, ambaye mtaa mzima ulimwita Baba Wajdi kwa jina la mwanawe wa kiume, alikuwa mtu wa kuonekana kwa macho kama watu wengine wote. Aligongana na watu sokoni, aliombwa asogee kwenye foleni ya mikate, na kinyozi alimkata nywele kila Alhamisi. Kamera tu ndiyo iliyokuwa haimwoni, na sababu ilijulikana. Mwezi wa Julai mwaka 1948, akiwa na miaka saba, wazazi wake walimtoa kijijini kwao Ain Zaarur, mizinga ikiwa inalia, wakavuka mabonde matatu hadi kwa jamaa, wakajificha siku kumi na moja. Walipotaka kurudi, njia ilikuwa imefungwa. Baadaye wakaja watu wa serikali mpya, wa kuhesabu, na daftari zao. Sheria ikatafuta jina la kuwaita watu waliokuwa ndani ya nchi lakini nje ya nyumba zao siku iliyotakiwa, ikalipata: hadhiri ghaibu. Yupo na hayupo. Walikuwepo vya kutosha kutozwa kodi. Hawakuwepo vya kutosha kudai nyumba.

Wengi waliandikwa hivyo na picha zao hutoka bila shida. Kwa Hamdan, sheria ilishika zaidi. Mambo kama hayo hutegemea mwandiko wa karani.

Kitambulisho chake kilikuwa na picha ya kola. Askari wa barabarani waliitazama kola ya kwenye picha, wakaitazama kola ya shingoni, wakamrudishia kadi yake. Mara moja tu, mwaka 1983, askari mmoja mwenye bidii alimsimamisha juani saa mbili nzima kwa sababu kola hizo hazikufanana. Katika picha ya harusi, marehemu mama yake Muntaha anatabasamu, ameshika mkono wa suti.

Muntaha maana yake ni mwisho. Ndilo jina wanalopewa mabinti pale wazazi wanapotaka kumdokeza Mungu kwamba wa kike wametosha. Alikuwa wa tano. Mungu alielewa, na baada yake akaja Wajdi. Dada zake wanne waliolewa mbali. Yeye hakuolewa, alinunua kamera.

Alianza na harusi, miaka ya tisini. Hapo ndipo wenye harusi walipoanza kulalamika.

"Binti yangu," mzazi mmoja alimwambia, akiwa ameketi mbele ya televisheni na mkanda wa arusi ya mwanawe, "nilikwambia umpige bwana arusi. Umenipigia mlango."

"Subiri, ami. Ataingia."

"Ataingia lini? Mke wake keshajifungua!"

Hakuwa akifanya ukaidi. Alijifunza kupiga picha nyumbani, na mtu wa kwanza aliyemfanyia mazoezi alikuwa baba yake, kwa hiyo jicho lake lilizoea kumwachia mtu nafasi na kungoja. Hata alipoacha harusi na kuingia kwenye filamu, jicho hilo halikubadilika. Aliiweka kamera chini, kwenye kimo cha macho ya mtu aliyeketi. Alitumia lenzi moja tu, ya milimita hamsini. Alitegemea mwanga wa dirisha moja, na fundi aliyeleta taa ya pili aliambiwa aende akanywe chai. Katikati ya picha, mahali ambapo wengine huweka sura nzuri, yeye aliweka kiti, au benchi, au mlango ulioachwa wazi, na waigizaji mashuhuri wakasukumwa pembeni, wakanung'unika. Kisha aliiacha picha ikae. Ilikaa mpaka mtazamaji akohoe.

Katika kila filamu, palepale katikati, alikuwa amemweka baba yake. Alimweka kwenye benchi la hospitali, kwenye kituo cha basi, mbele ya tanuri la mikate. Mzee alikuja asubuhi na mkate wake wa zaatari, ule wa majani makavu na ufuta, kwenye mfuko, akaketi alipoambiwa, akashika ncha ya futi kamba kwenye jicho, akangoja. Kwa sababu koti lingewachanganya watazamaji, siku za filamu alivaa nguo za rangi ya ukuta.

Profesa mmoja wa Lyon aliandika kurasa thelathini juu ya benchi la hospitali. Aliliita jeraha la utupu. Katika mji mmoja baridi wa kaskazini walimpa Muntaha ile sahani ya kioo, kwa ushairi wake wa kutokuwepo, na walipomwomba aseme neno alikaribia kipaza sauti akasema, "Pale hapana utupu. Pale ameketi baba yangu."

Ukumbi mzima ulisimama. Walipiga makofi dakika nne. Mwanamke mmoja wa safu ya mbele alilia.

"Uliwaambia?" mzee aliuliza aliporudi.

"Niliwaambia."

"Wakasemaje?"

"Walifurahi sana."

Mwaka ule wa vitunguu, daktari alikuwa amesema moyo wa mzee umechoka, na kwamba familia ihesabu miezi. Muntaha alikuwa na miaka arobaini na saba. Hakutaka medali nyingine. Alitaka picha moja, ya ukubwa wa kadi ya posta, ya baba yake akiwa na uso, kabla uso huo haujaingia ardhini. Alikataa filamu mbili za watu wa nje, akahamia kwenye nyumba ya baba yake na masanduku saba ya vifaa.

Alijaribu filamu ya zamani iliyokwisha muda. Alijaribu kamera ya mbao aliyoazima kwa Muarmenia mmoja wa Yerusalemu, yenye kitambaa cheusi cha kujifunika kichwa. Alijaribu kioo: kioo kilimwonyesha mzee vizuri, picha ya kioo ikaonyesha koti na ukuta. Ndipo akafikia unga.

"Unga wa mkate au wa keki?" mzee aliuliza, macho amefumba.

"Nyamaza, utaingia puani."

Alimpaka uso mzima kwa kitambaa laini. Akapima, akachungulia. Na kweli, juu ya koti palitokea kitu cheupe, kina paji na mashavu, kina matundu mawili mahali pa macho. Muntaha alibonyeza kitufe. Lakini mzee alikuwa amejiona kwenye mlango wa kabati.

"Mama, umenifanya biskuti ya Idi," akasema, akacheka, na unga ukapasuka, ukaanguka vipande vipande juu ya koti la Haifa. Katika picha iliyobaki, kile cheupe kilionekana kama kitambaa kilichofunikwa juu ya maiti. Muntaha aliifuta. Wajdi, aliyekuwa amekuja na dawa, alisema angeiacha, angalau ilikuwa na umbo.

"Hiyo ni picha ya unga," Muntaha alisema.

"Na zako zote ni picha za viti. Mbona hizo unazipeleka Ulaya?"

Muntaha aliinuka. Alikwenda kufagia.

Wazo la mwisho lilitoka kwa mzee mwenyewe. Alisema: kama tatizo ni kwamba hakuwepo Ain Zaarur siku ile, basi wampeleke Ain Zaarur, ili awepo. Ilikuwa fikra nzuri. Walimvalisha koti wakaondoka naye asubuhi ya Jumanne, ndugu wawili na baba yao, mwendo wa dakika ishirini kwa gari.

Kijiji kilikuwa msitu wa misonobari. Palikuwa na meza za mbao za watu kula na familia zao, ubao wa kuwakumbusha wageni wasiwashe moto, na mlangoni mlinzi kijana mwenye adabu pamoja na kamera ya kuhesabu watu. Mlinzi aliangalia skrini yake.

"Wawili," alisema, akawapa tiketi mbili.

"Sisi ni watatu," Wajdi alisema.

Mlinzi alimtazama mzee aliyesimama mbele yake, akatazama tena skrini. "Mashine inasema wawili," akasema, kwa masikitiko, kwa sababu hakuwa mtu mbaya.

"Twendeni," mzee alisema. "Tangu nizaliwe sijaingia mahali bure."

Hakuwa amefika pale kwa miaka mingi, lakini aliongoza njia bila kusita. Huu ulikuwa msikiti, alisema, akikanyaga sindano za misonobari. Hapa kwa Baba Nimr, mchoyo, Mungu amrehemu. Hii mipungate ilikuwa ua wetu. Msonobari umejaribu kuiua umeshindwa. Alipofika kwenye jiwe refu lililokuwa kizingiti aliketi, akavuta pumzi kidogo kidogo, akanyoosha mkono apewe futi kamba.

Muntaha alipima. Mita mbili kamili. Mwanga ulikuwa wa ubavuni, laini, ule ambao wenzake husafiri nao nchi hata nchi bila kuupata. Aliinama, akachungulia, akakaa hivyo kwa muda mrefu.

"Nimetoka?"

Alifuta lenzi, akainama tena.

"Muntaha. Koti je?"

Hata koti halikuwemo. Hapakuwa na koti, wala viatu, wala fimbo, wala ncha ya futi kamba. Palikuwa na jiwe, na nyuma yake misonobari, na misonobari ilikuwa imetoka vizuri mno, sindano moja moja.

"Limetoka vizuri, baba," alisema.

Mzee alimtazama binti yake. Alikuwa amemlea, alijua anavyodanganya. "Basi twende," akasema, "kabla kijana hajafunga geti tukamhangaisha."

Alikufa wiki tatu baadaye, mchana, kitini mwake, baada ya kusifu wali. Cheti cha kifo kilitoka siku hiyohiyo. Katika jambo la kutokuwepo, ofisi haikumwekea kipingamizi.

Sasa kwetu mtu akifa hutolewa tangazo: karatasi kubwa yenye jina, aya ya Kurani, majina ya watoto, mahali pa kwenda kuhani, na picha. Hubandikwa kwenye kuta na nguzo mtaa mzima, na watu husimama, husoma, humtazama marehemu usoni na kumwombea. Tangazo lisilo na picha ni la mtu ambaye jamaa zake wamegombana.

"Tuweke maua," Wajdi alisema.

"Weka ile ya dirishani," Muntaha alisema. "Ile ya vitunguu."

"Dada, watu watasema tumezika koti!"

"Ndiyo bora kuliko zote nilizowahi kupiga."

Zikachapishwa arobaini. Mtaa wa watu wa Ain Zaarur uliamka na makoti arobaini kwenye kuta zake, yameketi, yameshikiwa kikombe na hewa. Watu walisoma, wakaomba dua, wakatazama juu kidogo ya kola, wakashuka.

Asubuhi ya siku ya pili ya matanga, makoti yote arobaini yalikuwa na uso.

Ulikuwa umechorwa kwa kalamu nyeusi ya wino mzito, baina ya sala ya alfajiri na kahawa ya kwanza. Aliyechora hakujulikana, na ni busara tusimchunguze. Kulikuwa na paji la uso, nyusi, pua ndefu yenye nundu, masharubu yaliyopunguzwa vizuri, na macho yaliyomwangalia msomaji kama yanamdai jibu. Wajdi alitoka nje na ndoo ya maji na brashi, akitukana kizazi cha leo, vizazi viwili nyuma yake, na shule.

Hakufika mbali. Mbele ya tangazo la kwanza alimkuta Bi Rasmiya, dada wa marehemu, mwenye miaka themanini na mbili, ambaye ndiye aliyemshika Hamdan mkono walipovuka yale mabonde matatu. Bi Rasmiya alikuwa ameegemeza kipaji chake kwenye karatasi.

"Ndiye," alisema. "Ndiye yeye na macho yake. Mungu akubariki, Wajdi, umemrudisha."

Wajdi aliiweka ndoo chini.

Siku nzima wakaja. Kinyozi alisema pua ile angeitambua gizani. Muuza mikate alisema masharubu ndiyo, ila marehemu aliyaacha marefu kidogo siku za sikukuu. Watu waliobusu vidole vyao na kuvigusisha kwenye karatasi walikuwa wengi. Hadi alasiri Wajdi mwenyewe alikuwa anawaonyesha wageni: "Tazama nyusi. Nyusi zangu hizi nimezitoa pale."

Muntaha alitoka wa mwisho. Alisimama mbele ya tangazo la ukuta wa shule ya chekechea, mikono kifuani, akalitazama kwa jicho la kazi. Kivuli cha pua kilichorwa upande wa kushoto, ilhali dirisha lilikuwa kushoto. Kilitakiwa kuwa kulia. Alichukua kamera, akapima kwa futi kamba, peke yake, ncha moja kwenye ukuta. Akapiga. Akachungulia. Uso ulikuwemo.

Alikaa na picha ile hadi magharibi. Aliyepita karibu yake alimsikia akiiambia, polepole, mambo ya nyumbani.

Siku ya tatu, saa nne asubuhi, lilisimama basi dogo la shule ya bweni anakosoma binti wa Wajdi, na akashuka mwalimu wa hisabati, Ustadh Labib, amevaa tai nyeusi, kuja kutoa mkono wa pole kwa niaba ya shule. Ni mtu mtaratibu. Aliingia ukumbi wa matanga, akasalimu, akapewa kiti kilichokuwa wazi, na kiti hicho kilikuwa chini ya tangazo lililobandikwa ukutani.

Mhudumu wa kahawa chungu alisimama na birika mkononi. Mazungumzo yalikatika, kwanza upande wa wanaume, halafu wa wanawake. Watu walitazama ukuta. Walimtazama mwalimu: paji, nyusi, pua ndefu yenye nundu, masharubu yaliyopunguzwa vizuri. Walitazama ukuta tena.

"Hamdan," Bi Rasmiya alisema, akinyanyuka kwa fimbo yake. "Umekonda, ndugu yangu. Kule hawali?"

"Poleni sana, bibi," Ustadh Labib alisema, na kwa kuwa ana heshima, akampa mkono. Bi Rasmiya hakuuachia tena.

Ndipo Wajdi akageuka, taratibu, kama kifaru cha vita kinapotafuta shabaha, macho yakampita kinyozi, yakampita muuza mikate, mpaka yakafika kwenye mlango wa jikoni.

"Sundus!"

Sundus ni mimi.

Basi, nakiri. Kalamu niliitoa bwenini. Nilikusudia masharubu tu, kwenye tangazo moja tu, kwa sababu koti lile lilinitazama bila kitu cha kutazamia, na mimi nikiogopa hufanya utani. Lakini masharubu hayawezi kukaa bila mdomo, wala mdomo bila pua. Nilipofika kwenye macho niliketi kwenye ngazi za chekechea, nikafumba yangu, nikamwita babu. Hakuja. Mwezi uliotangulia alinimenyea chungwa akaniweka kipande mdomoni, nikiwa nimekaa naye goti kwa goti. Akilini mikono yake niliiona yote, na kucha, na koti. Juu ya kola hapakuwa na kitu. Uso uliokuja ulikuwa ule ninaouona siku tano kwa wiki kando ya ubao. Zile thelathini na tisa nyingine nilinakili.

Niliyasema haya mbele ya watu wote, kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika. Wajdi, yaani baba yangu, alinyanyua mkono, akaushusha. Shangazi Muntaha hakunyanyua kitu.

"Nilijua," alisema. "Sikio lile halikuwa la baba."

"Lake lilikuwaje, shangazi?"

Alifungua mdomo anijibu. Ukumbi mzima ulimgeukia, kinyozi akiwa mbele, amenyoosha shingo. Kwa muda mrefu shangazi alikaa hivyo, mdomo wazi, mkono mmoja umeinuka hewani kwenye kimo cha mtu aliyeketi, vidole vikitafuta mviringo wa sikio, visiupate. Kisha akaushusha mkono, akamwambia mhudumu ampe Ustadh Labib kahawa.